Acheni Kupuliza Sumu Sebuleni

Mweleze mtu yeyote mjini kwamba majani ya mmea wako wa ndani yananata, jibu litakuja hujamaliza kusema: nunua dawa, puliza. Muuza maua wa kando ya barabara atakwambia hivyo. Shoga yako atakwambia hivyo. Muuza pembejeo atafungua chupa ya lita, akupimie kidogo kwenye kichupa cha maji ya kunywa, akuandikie kipimo kwenye kipande cha karatasi au asiandike kabisa. Rai hii imezoeleka kiasi kwamba hakuna anayeidai ushahidi. Naipinga yote. Kwa mmea unaoishi ndani ya nyumba, sumu ya kupuliza ndiyo tiba mbovu kuliko zote: haimalizi wadudu, mara nyingi inawaongeza, na inawatia hatarini watu wanaokula na kulala hatua chache kutoka kwenye chungu hicho.

Tuanze na kunata kwenyewe, kwa sababu kosa la kwanza liko hapo. Wengi hudhani jani linanata kwa kuwa linaumwa, kana kwamba ugonjwa umelitoa jasho. Sivyo. Ndani ya mmea mna mishipa inayosafirisha chakula kutoka kwenye majani kwenda kwenye mizizi, machipukizi na matunda. Utomvu unaopita humo umejaa sukari, lakini viini vya kujengea protini ni haba. Mdudu anayeishi kwa utomvu huo huchoma mrija wake mwembamba hadi kwenye mshipa, akanywa mfululizo mchana na usiku ili apate protini ya kumtosha kukua na kuzaa. Sukari iliyozidi huitoa kwa nyuma, matone madogo yasiyo na rangi. Ndiyo hayo yanayodondokea jani lililo chini, meza, marumaru na kioo cha dirisha. Baada ya siku kadhaa ukungu mweusi huota juu ya sukari hiyo, na jani likaonekana limepakwa masizi.

Ukishalijua hilo utaona kwa nini mpulizaji hukosa shabaha tangu bomba la kwanza. Analenga jani linalong'aa, upande wa juu, na mdudu hayupo hapo. Yuko kwenye jani la juu yake, upande wa chini, au kwenye kwapa ambako kikonyo kimekutana na shina. Chukua mdimu wa kwenye ndoo, ule unaowekwa barazani kwa ajili ya dimu mbili tatu za kachumbari. Geuza jani lake. Pembeni mwa mshipa wa kati utaona vitu bapa vya kahawia, vimepangana kufuata mshipa, na unaweza kuapa kwamba ni sehemu ya jani. Kwangua kimoja kwa ukucha. Kinabanduka, na chini yake pana unyevu. Huyo ni kidugamba, hai kabisa, ameketi pale tangu utotoni na hana haja ya kwenda kokote. Sisimizi wanaopanda na kushuka kwenye shina hawakuja kwa ajili ya dimu. Wamefuata sukari yake, na wanawafukuza wadudu wengine wanaomwinda ili wao waendelee kuichuma.

Wanaonatisha majani majumbani ni wachache: vidugamba wa gamba laini, vidung'ata wenye unga mweupe wa pamba, vidukari ambao wakulima wengi huwaita wadudu mafuta, na nzi weupe wanaoruka ukitikisa mmea. Utitiri mwekundu haunatishi jani. Unaacha vidoa vingi vya njano iliyofifia na nyuzi za utando. Vidugamba wa gamba gumu nao hawatoi sukari. Na ipo mimea inayotoa matone matamu yenyewe, bila mdudu yeyote: okidi hufanya hivyo kwenye shina la maua, mpasheni una vitezi vya sukari kwenye vikonyo vya majani. Nimewaona watu wakiipiga dawa okidi iliyokuwa nzima kabisa, kisha wakajisifu kwamba dawa imefanya kazi kwa sababu hawakuona mdudu. Hakuwepo tangu mwanzo. Hayo ndiyo matokeo ya kutibu kabla ya kutazama.

Sasa tuiangalie dawa yenyewe. Kidung'ata amevaa nta, na maji ya dawa yakimgusa yanateleza. Mayai yake, mamia kwa mama mmoja, yamefungiwa ndani ya pamba ileile. Kidugamba aliyekomaa yuko chini ya gamba lake. Anayekufa kirahisi ni mtoto wake, yule anayetambaa siku moja au mbili kabla hajapata pa kutua, na huyo ni mdogo kiasi cha kukupita machoni. Kidukari ni hodari kuliko wote: jike huzaa bila dume, huzaa watoto hai, na ndani ya watoto hao tayari mna mimba za wajukuu. Kukiwa na joto zuri kizazi kimoja huchukua kama wiki. Puliza leo, ukiua tisa katika kumi, na yule wa kumi atakurudishia kundi zima kabla hujasahau harufu ya dawa. Tena anayebaki si mdudu wa hivi hivi. Ni yule ambaye dawa haikumweza, na wanawe watazaliwa hivyo. Kidukari anayeitwa na wanasayansi Myzus persicae, mharibifu wa mamia ya aina za mimea, ameshajenga usugu dhidi ya viambata vya sumu zaidi ya 70. Kichupa chako cha mtaani hakitamshangaza.

Hapo ndipo watetezi wa dawa husema: basi tuongeze ukali. Historia yote ya wadudu hawa inawakana. Miaka ya 1880 michungwa ya California ilikuwa inakufa kwa kidugamba mweupe aliyetoka Australia, Icerya purchasi. Wakulima walijaribu kila walichoweza kuchemsha na kuchanganya, wakashindwa, wengine wakang'oa mashamba. Mwaka 1888 Albert Koebele alitumwa Australia akatume mbawakawa mdogo mwekundu mwenye madoa meusi, Rodolia cardinalis, ambaye chakula chake ni kidugamba huyo. Katika miezi michache michungwa ikapumua. Mbawakawa akailinda kwa zaidi ya miaka 50. Kisha, miaka ya 1940, ikaja DDT, dawa iliyosifiwa kuliko zote. Ikapulizwa kwenye mashamba yale, mbawakawa wakafa, na kidugamba ambaye watu walikuwa wamemsahau akarudi kwa kishindo. Wakulima wakawa wanatafuta mbawakawa wa kununua.

Wala tusiende mbali hivyo. Miaka ya 1920 na 1930 kahawa ya Kenya ya kati iliandamwa na kidung'ata, pamoja na mazao ya chakula ya wananchi. Wataalamu walimdhania mdudu mwingine, wakatafuta maadui wake ng'ambo, bila mafanikio. Ilipobainika kwamba ni mdudu wa peke yake, na kwamba kwao ni jirani tu, Uganda, walichukuliwa nyigu wadogo wa huko wanaotaga mayai ndani ya vidung'ata. Mwaka 1938 wakaletwa Kenya, na balaa likatulia. Kabla ya hapo, kilichosaidia walau kidogo ni kupaka ukanda wa kunata kwenye mashina ya mibuni ili sisimizi wasipande. Nawaomba wasomaji walikumbuke hilo, maana nitalirudia kwenye vyungu vya nyumbani.

Na muhogo? Kidung'ata wa muhogo aliingia Afrika kutoka Amerika ya Kusini mwanzoni mwa miaka ya 1970, akaonekana kwanza pande za Kongo, akasambaa hadi kutishia chakula cha mamilioni ya watu. Chini ya Hans Rudolf Herren, taasisi ya kilimo cha nchi za joto iliyoko Ibadan, Nigeria, ilileta nyigu aliyepatikana Paraguay mwaka 1981, mdogo kuliko punje ya ufuta, ikamwachilia katika nchi zaidi ya 20. Herren alipewa Tuzo ya Chakula ya Dunia mwaka 1995. Hakuna serikali ambayo ingemudu kupuliza kila shina la muhogo barani humu, na hata ingemudu isingeshinda. Jambo ambalo bara zima limelithibitisha shambani, sisi tunalikataa sebuleni.

Najua jibu linalofuata, na ni jibu la haki: sebuleni hakuna nyigu. Kwa ghorofa lenye kiyoyozi na madirisha yaliyofungwa mwaka mzima, kweli hawapo au ni wachache mno. Lakini nyumba zetu nyingi haziko hivyo. Madirisha yetu yana nyavu zilizotoboka, milango iko wazi tangu asubuhi, na nusu ya mimea tunayoiita ya ndani inaishi barazani, kwenye ngazi au kwenye roshani. Hapo mbawakawa wanafika, nyigu wadogo wanafika, na buibui wako tayari. Tazama vidukari kwenye haibiskasi ya barazani: kati yao utakuta wachache waliovimba, wamekauka, rangi ya ngozi ya kahawia, wengine wana tundu la duara mgongoni. Kila tundu ni mlango ambao nyigu alitokea baada ya kumla kidukari kutoka ndani. Ukipuliza siku hiyo, umewaua askari wako mwenyewe na kumwachia adui uwanja.

Kwa nyumba iliyofungwa hoja inageuka, na inakuwa nzito zaidi. Sumu nyingi zinazopimwa kwenye vichupa hufanya kazi kwa kuharibu mawasiliano ya neva, kwa kuzuia kimeng'enya ambacho mdudu anacho na mwanadamu anacho pia. Shambani jua, mvua na upepo huivunja na kuipeperusha. Ndani ya chumba hakuna mvua. Inakaa kwenye pazia, kwenye zulia, kwenye kitambaa cha kochi, na anayeishi karibu zaidi na zulia ni mtoto anayetambaa, anayeshika kila kitu na kuweka mkono mdomoni. Kama dawa ingeuzwa kwenye chombo chake, ungeona ukanda wa rangi kwenye lebo: mwekundu kwa zenye sumu kali zaidi, kisha njano, bluu, kijani. Ungesoma ni ya mazao gani, ivaliwe nini, watu wakae nje kwa muda gani. Kichupa cha maji ya kunywa hakina hata kimoja kati ya hivyo. Kina harufu tu, na mtoto mwenye kiu hajui kusoma harufu.

Wapo wanaosema wameliepuka hilo kwa kutumia dawa ya kumwagia kwenye udongo, ambayo mmea huinywa na mdudu akafa akinyonya. Ninakiri kwamba hii inawafikia vidukari na vidugamba laini ambao dawa ya kupuliza haiwagusi. Lakini angalia vyungu vya kwetu vina nini. Mrihani. Mchaichai. Mpilipili. Mdimu. Asumini inayotungwa koja na kuvaliwa kichwani. Waridi la kuwekwa kwenye maji ya kunawa mgeni. Dawa iliyoingia kwenye utomvu imeingia kwenye jani unalochemshia chai na kwenye ua linalotembelewa na nyuki. Na hata kwa mmea usioliwa, dawa za jamii ya imidacloprid zimeonekana mara nyingi kufuatiwa na mlipuko wa utitiri mwekundu, ambao haziuui. Unaondoa unato, unapata utando.

Kuna rai nyingine pacha ya hii, nayo naipinga kwa nguvu ileile: kwamba mmea unaoshambuliwa umechoka, basi upewe mbolea. Watu hutia urea kwenye chungu chenye vidung'ata wakitarajia mmea upate nguvu ya kupigana. Naitrojeni ikizidi, mmea hutoa machipukizi laini na utomvu wake huongezeka vile viini vya protini ambavyo mdudu alikuwa anahangaika kuvipata. Umemwandalia karamu. Mmea wenye wadudu upewe maji ya kiasi na mwanga, mbolea ingoje.

Wala sisemi kila kinachoitwa cha asili kiko salama. Maji ya tumbaku yana nikotini, ambayo ni sumu ya neva kama hizo za dukani. Mafuta ya taa huunguza majani na kuacha mvuke ndani ya nyumba. Sabuni ya unga ya kufulia ina kemikali zinazovua nta ya jani, na jani lililovuliwa nta hukauka kingo. Mwarobaini ni jambo jingine: mafuta ya mbegu zake yana azadirachtin, inayovuruga ukuaji na ulaji wa wadudu wachanga. Ni msaidizi mzuri kwa anayeyapata mafuta halisi, lakini si muujiza.

Kinachofanya kazi ni cha kawaida kiasi kwamba watu hawakiamini. Tenga mmea siku hiyohiyo, usiguse mingine. Kata matawi yaliyolemewa, yafunge kwenye mfuko, yatoke nje ya nyumba. Funika udongo wa chungu kwa mfuko wa plastiki, ulaze mmea bafuni au uani, uuoshe kwa maji yenye msukumo, hasa migongo ya majani. Vidukari wengi wataishia hapo. Vidung'ata na vidugamba wanataka mkono: pamba iliyochovywa kwenye spiriti ya asilimia 70, ile ya kusafishia vidonda, umguse mmoja mmoja kwenye makwapa ya matawi. Spiriti huyeyusha nta, na kidung'ata hubadilika rangi mbele ya macho yako. Vidugamba waliokomaa wakwanguliwe kwa ukucha au mswaki laini.

Kisha sabuni. Kwaruza sabuni ya mche nyeupe, kama kijiko cha chakula kilichojaa kwa lita moja ya maji, iyeyushe, iache ipoe, upulize hadi migongo ya majani ilowe. Sabuni huua ikiwa mbichi tu, kwa kupenya ngozi laini ya mdudu na kumkausha. Ikishakauka haina kazi tena. Huo ndio uzuri wake, maana haibaki chumbani kumngoja mtoto, na ndiyo sababu ni lazima urudie. Maji ya kisima yenye chumvi, ambayo wengi Dar es Salaam tunayategemea, huikata sabuni: linaganda povu jeupe lisilo na nguvu. Tumia maji ya mvua. Jaribu kwanza jani moja, usubiri siku nzima, kwa sababu mimea mingine, hasa yenye majani ya manyoya, haiipendi. Fanya jioni, jua likiwa limetua, na baada ya saa kadhaa suuza. Rudia kila wiki kwa wiki tano au sita, hata ukidhani wamekwisha. Mayai yaliyokuwa kwenye pamba yataanguliwa, na hao wanaoanguliwa ndio wepesi kufa.

Sisimizi nao washughulikiwe, kwa njia ileile ya mashamba ya kahawa. Chungu kikae juu ya tofali lililo ndani ya sahani yenye maji na tone la sabuni, na majani yasiguse ukuta wala pazia. Sisimizi wakikosa daraja, walinzi wa kidugamba wameondoka, na yeyote anayemwinda ana nafasi. Masizi meusi hayahitaji dawa yoyote. Yanaishi juu ya sukari, hayaingii ndani ya jani. Sukari ikikatika, kitambaa chenye unyevu kinayatoa.

Nitaambiwa watu hawana muda wa kugusa wadudu kwa pamba. Kwa mmea mmoja wa mezani ni kazi ya muda mfupi mara moja kwa wiki, na anayepuliza hupuliza tena na tena mwaka mzima. Kwa mmea uliozidiwa, ambao kila kwapa limejaa pamba na mizizi yenyewe imeingia unga mweupe, mimi husema utupwe pamoja na udongo wake. Tukate kipande kisafi tukioteshe upya, chungu kioshwe kwa sabuni. Hakuna maua yenye thamani ya kuwekewa sumu ya neva kando ya kitanda cha mtoto. Na mmea mpya kutoka barabarani usiingie sebuleni siku uliponunuliwa. Ukae peke yake wiki tatu, ukigeuzwa majani kila unapomwagiwa maji. Wengi wa wadudu hawa tumewanunua wenyewe, pamoja na chungu.

Wauza pembejeo wanaopima sumu kwenye chupa za maji wanajua wanachofanya, na wataendelea maadamu tunanunua. Kwa hiyo ombi langu naliweka kwako unayesoma. Kama una kichupa cha namna hiyo chini ya sinki au juu ya kabati, usikimwage chooni wala mtaroni, na usikitumie kumalizia tu kilichobaki. Kifunge vizuri, kiandike SUMU kwa herufi kubwa, kifungie mahali mtoto hafiki, na kesho muulize afisa ugani wa kata yako namna ya kukikabidhi.